Taa Moja kwa Kila Mtu

Mdogo wangu aliponiambia kwamba Jumamosi tungekwenda kujifunza kutengeneza taa za Kituruki, nilijua hakuwa na haja ya taa. Nilikuwa nimemtembelea Toronto, wiki ya pili hiyo, nikilala kwenye kitanda chake na yeye kwenye kochi, juu kabisa ya ghorofa moja pale mtaa wa Jane and Finch. Tangu nifike tulikuwa tunalizunguka jambo moja kama kuku anayetafuta pa kutagia. Jumapili, baada ya ibada, wazee wa upande wa mwanaume wangekuja kuposa. Baba yetu hayupo, mama hayupo. Mwenye kujibu nilikuwa mimi.

Mwanaume mwenyewe alikuwa Mkongo, fundi wa lifti, ambaye walikutana kwenye kwaya ya ibada ya Kiswahili. Alikuwa amefiwa na mke miaka mitatu nyuma. Ukongo wake haukunisumbua, na kufiwa si kosa la mtu. Kilichonikaa kooni ni watoto. Alikuwa nao wawili, msichana wa miaka kumi na mdogo wake wa kiume wa miaka minne.

Ili mtu anielewe, inabidi niseme kidogo. Mama alimfuata baba nikiwa kidato cha pili. Nyuma yangu walikuwapo wavulana wawili, na huyu kitinda mimba ambaye bado alikuwa anabebwa mgongoni. Baada ya matanga wajomba na baba wadogo walikaa kwenye mkeka wakaanza kutugawa, huyu aende Kilosa, yule aende Dodoma, kama wanaogawana masufuria. Nilitoka jikoni nikasema hatugawanyiki. Sijui ujasiri niliupata wapi, maana nilikuwa mtoto wa kutumwa chumvi. Walicheka, halafu wakaacha kucheka, halafu wakaondoka. Sikurudi shule. Mama mmoja jirani alinifundisha cherehani, na tangu hapo nimeshona sare za shule za watoto wa Morogoro mpaka leo.

Niliposwa pia. Mama wa yule kijana alikuja mwenyewe kuniona. Alikaa, akanywa chai, akatazama kichanja cha vyombo pale uani na wadogo zangu waliojipanga mlangoni, akasema kwa upole kabisa, "Mwanangu anaoa mke, haoi darasa." Miaka michache baadaye akaja mwingine, naye akaona lile lile ingawa hakulisema vizuri kama yule mama. Sikuwachukia. Nilimaliza kupiga pasi sare za watu nikalala.

Basi Alhamisi ya wiki ile, tukiwa mezani, nilimwambia mdogo wangu wazi. "Kulea usiyemzaa ni kazi ninayoijua. Wewe sikutakii."

Aliacha kula. Yeye ni nesi, amezoea kusikia mambo mazito bila kubadilisha uso, lakini uso ulibadilika.

"Kwa hiyo sisi tulikuwa kazi?"

Nilimwambia sikumaanisha hivyo. Akaniuliza nilimaanisha nini, basi, Dada.  Niliinuka nikaosha vyombo, na vile ambavyo tayari vilikuwa safi.

Asubuhi yake ndipo akaja na habari za taa. Alikuwa amelipia viti vinne, mimi, yeye, mwanaume na yule msichana. Yule mtoto wa kiume alibaki kwa jirani yao huko Parkdale kwa sababu ya vioo. Mdogo wangu aliniomba jambo moja tu, nikae na watu hawa bila kuwahoji. "Mikono yako ikiwa na kazi, Dada, mdomo wako huwa na adabu."

Nilimwambia mdomo wangu ndio uliomsomesha. Akacheka, na ilikuwa mara ya kwanza tangu jana yake mezani.

Tulishuka na basi halafu treni ya chini. Ilikuwa mwezi wa tatu, theluji iliyobaki kando ya barabara imekuwa nyeusi kama majivu ya mkaa. Karakana ilikuwa juu ya duka la mikate, na harufu ya ufuta ilitupandisha ngazi. Ndani, kuanzia darini hadi usawa wa kichwa, zilining'inia taa nyingi kiasi kwamba nilisimama mlangoni kidogo nikiogopa kuzigonga. Mwalimu alikuwa mama wa makamo kama mimi, Mturuki, mwenye vidole vyenye alama za kukatwakatwa. Kiingereza chake kilikuwa cha polepole, na kwa kuwa changu ni cha kununulia nyuzi, tulielewana kuliko nilivyoelewana na mtu yeyote mjini pale.

Mwanaume alikwishafika na binti yake. Alisimama, akanipa mikono yote miwili. "Shikamoo, mama." Ilionekana amefundishwa na ameifanyia mazoezi. Niliitikia. Akafurahi mno kwamba imepita salama, akaongeza, "Karibu ukae hapa, shemeji," na papo hapo nikasikia mguu wa mdogo wangu ukimgonga chini ya meza.

"Shemeji ni kesho," nilimwambia. "Kama itakuwapo."

"Pardon, mama. Ulimi ulikimbia."

"Ufunge kamba."

Yule msichana alitutazama akajaribu kujua kama ni ugomvi au mzaha. Alipoona baba yake anacheka, akashusha mabega. Alikuwa mwembamba, nywele zimesukwa mistari minne isiyolingana. Baadaye nilijua kwamba husuka mwenyewe, kwenye kioo cha bafuni.

Kila mmoja alipewa tufe la kioo, kubwa kama nazi iliyofuliwa, na trei tupu. Katikati ya meza yalikuwapo mabakuli ya vipande vya vioo vya rangi, pembetatu, almasi, duara, na shanga ndogo za kujazia. Mwalimu alieleza kuwa kazi huanzia chini, kitovuni mwa tufe. Unatengeneza ua au nyota, unapanda nalo kwa mizunguko, na mapengo yanayobaki unayafunika kwa shanga. Mwisho unapaka plasta nyeupe juu ya kila kitu, unasubiri kidogo, unafuta. Taa moja kwa kila mtu, alisema, na akarudia, maana kuna watu hutaka kubeba mbili.

Mimi nilifanya kosa la mshonaji. Nilipanga vipande vyote kwenye trei kwanza, kama ninavyopanga pande za gauni kabla ya kukata, nyekundu na njano na kijani, mistari imenyooka, nikaridhika sana. Wenzangu walikuwa wameshaanza kubandika, mimi bado napima. Nilipoanza kuhamishia kwenye tufe, mpango wote ukaharibika. Kilichotosha kwenye trei hakikutosha kwenye tumbo la kioo. Nguo ukiona inakataa mwili unaikunja pensi, ule mkunjo wa kubana, lakini kioo hukikunji. Mzunguko wa tatu ulipofika mwisho, ulibaki na pengo kama meno ya mtoto wa darasa la kwanza. Mwalimu alikuja akaangalia, akaniambia pengo hutokea kwenye kila taa, hata zake, na anayejua huligeuzia ukutani. Akanisogezea bakuli la shanga.

Nilipokuwa najaza shanga zangu ndipo nikaanza kumtazama yule msichana vizuri.

Trei yake ilikuwa ya bluu tupu. Bluu nzito, bluu ya mbingu, bluu ya kijani. Kila bakuli lilipopita aliangalia rangi nyingine, na kuna wakati alishika kipande cha zambarau akakigeuza kwenye mwanga, kisha akakirudisha. Baba yake alimwuliza mbona rangi moja. Akajibu kwa Kiingereza, na mdogo wangu akanitafsiria kuwa mdogo wake wa kiume anapenda bluu. Taa ni ya huyo mdogo wake. Anaogopa giza.

"Unaona?" mdogo wangu aliniambia kwa sauti ya chini, kwa fahari, kama aliyemzaa. "Huyu hana shida kabisa. Huyu ni malaika."

Nilibandika shanga nyingine. Chai ililetwa, ya rangi, kwenye vile vigilasi vyao vyenye kiuno, na sahani ya peremende laini zilizogaragazwa kwenye unga wa sukari. Kila mtu alichukua moja. Msichana alichukua yake, akaizungushia karatasi ya kufutia mikono, akaiweka mfukoni. Baba yake alikuwa anamsimulia mwalimu juu ya lifti. Mdogo wangu alikuwa anapuliza chai. Hakuna aliyeona isipokuwa mimi, na mimi niliona kwa sababu mfuko ule niliujua. Nilikuwa nao. Sketi yangu ya shule, niliyoendelea kuivaa baada ya kuacha shule, ilikuwa na mfuko uliojaa makombo ya maandazi ya misiba na harusi.

Nilimsogelea. Nikamuuliza kwa Kiswahili, polepole, yeye anapenda rangi gani.

Alinielewa, maana alinitazama moja kwa moja.  Alitazama mabakuli, akamtazama baba yake kama vile jibu liko kwake, akarudi kwangu.

"Yoyote," alisema.

Nilitaka kumwambia achukue ile zambarau. Mkono wangu ulikwishaanza kwenda kwenye bakuli. Nikaurudisha. Siku zile, mtu angeninyang'anya andazi la mdogo wangu akanilazimisha nile, nisingemsamehe. Mtoto wa namna hii ukimwondolea anachokibeba kabla hujamwonyesha pa kukitua, unamwacha mikono mitupu, naye hajui mikono mitupu ni ya kufanyia nini. Basi nikamshikia tufe lisibingirike, akamaliza bluu yake.

Plasta ilipofika tulipaka wote kwa mikono, nyeupe, nzito kama uji wa mgonjwa, na ndani ya dakika chache kazi yetu yote ilizikwa. Mwanaume alilalamika kwamba sasa taa yake ni yai. Mdogo wangu alimwambia hata kabla ya plasta ilikuwa yai. Tulipofuta kwa sponji, rangi zikarudi moja moja. Niliangalia jinsi mwanaume anavyofanya. Alimsaidia mzee mmoja wa meza ya pili ambaye mikono ilikuwa inatetemeka, akafuta meza yetu bila kuombwa, akaosha sponji. Alikuwa mtu mzuri. Hilo lilinisumbua zaidi, maana mtu mzuri naye alikuwa hajaona peremende iliyokwenda mfukoni.

Tuliagana kwenye kituo cha tramu. Wao walielekea Parkdale, sisi tukarudi kaskazini, kila mmoja na sanduku la taa yake magotini. Treni haikuwa na watu wengi. Mdogo wangu alivumilia stesheni chache, kisha akauliza.

"Umeonaje, Dada?"

Nilimwambia mwanaume hana neno. Ana mikono inayofanya kazi na hajioni. Akashusha pumzi. Akaanza kunieleza, kwa haraka, mambo aliyokuwa ameyaficha wiki mbili, kwamba anachoogopa yeye ni yule mdogo wa kiume. Mtoto akimwona anajificha nyuma ya mlango. Akimshika analia mpaka anakohoa. Siku moja alimng'ata. Mdogo wangu alikuwa amesoma vitabu, ameuliza wenzake kazini. Kwa mkubwa, alisema, namshukuru Mungu, huyo hata hana tatizo.

"Huyo mdogo mwache alie," nilimwambia. "Anayelia anasikika. Atalia, atang'ata, na siku moja atachoka atakulalia mapajani. Wewe ulimng'ata mama mwenye cherehani, una habari?"

"Sikumbuki."

"Ulimng'ata. Shida yako ni huyo malaika."

Nikamweleza ile peremende, ile zambarau iliyorudishwa, lile "yoyote", zile nywele. Nikamwambia mtoto aliyejua kupenda rangi angekuwa na jibu, hata la uongo. Nilipomaliza alikuwa anatazama sanduku lake. Treni iliingia stesheni, ikatoka.

"Wewe ulikuwa hulii," alisema. Sikujua kama anauliza.

"Nani angenisikia?"

"Mimi nilikuwa nasikia."

Nikacheka kidogo, nikamwambia alikuwa mdogo sana, asijitungie.

"Ulikuwa unafunga mlango unakanyaga cherehani bila kitambaa ili tusikusikie," alisema. "Cherehani yenye kitambaa inasikika tofauti, Dada. Mimi nilikaa chini ya meza yake tangu naota meno. Tulikuwa tunajua wote watatu. Kaka alikuwa anatutoa nje tucheze, anasema tuiache cherehani ipumue."

 Miaka yote ile niliamini mlango umefunga. Nilimtazama huyu mtu mzima mwenye koti zito na viatu vya theluji, na ilinibidi nianze upya kumhesabu. Nilikuwa nimemfanya mtu wa kupokea tu, kitinda mimba, asiyeona mfuko wa mwenzake. Kumbe alikuwa anaona toka chini ya meza. Peremende ile ya mchana ilikuwa imempita, kama inavyompita yeyote anayependa na kuogopa kwa wakati mmoja.

"Uliniuliza Alhamisi," nilimwambia. "Mlikuwa kazi. Kazi kubwa. Niliichagua, na ningeichagua tena hata leo, ila nisingependa kuifanya peke yangu tena. Nataka na wewe uichague ukiwa unaijua. Usiichague kwa sababu tu baba yao anaimba vizuri."

"Haimbi vizuri," alisema, akifuta pua kwa glavu. "Yuko nyuma kabisa kwenye besi. Wanamvumilia."

Tukashuka, tukapanda basi.

Jumapili walikuja watano baada ya ibada, mzee wao mmoja wa kanisani, mke wake, mwanaume na watoto wake wawili. Mdogo wa kiume alikuwa amesinzia njiani, akawekwa chumbani. Msichana alitumwa akakae naye, kama inavyostahili, maana posa si habari ya watoto. Mzee alisema maneno mazuri marefu, ya Kiswahili chao chenye Kifaransa ndani, kuhusu ua lililoonekana kwenye bustani yetu. Mdogo wangu aliitwa, akaulizwa kama anawafahamu wageni hawa, akasema anawafahamu. Ikabaki zamu yangu. Wote wakanigeukia.

Nilisema kabla sijajibu, ninaomba yule msichana aitwe.

Mzee alisita. "Kwetu mutoto haulizwe mambo haya, mama."

"Kwetu pia haulizwi, mzee. Ndiyo maana naomba."

Alimtazama mwanaume, mwanaume akainuka mwenyewe akaenda kumleta. Msichana alisimama katikati ya zulia, mikono nyuma, na unga kidogo wa plasta ungali kwenye kucha. Nilimwambia kwamba mdogo wangu anataka kuja kukaa nyumbani kwao. Nikamuuliza ana neno gani.

"Ni sawa," alisema haraka.

 Nilijua ile sawa. Niliiacha ipite na sikumruhusu aondoke. Mke wa mzee alikohoa. Lifti ililia huko koridoni, na mwanaume, kwa mazoea ya kazi, akageuza sikio. Kisha msichana akasema, kwa Kiswahili cha baba yake, neno moja moja, bila kumtazama mtu ila mlango wa chumbani.

"Ni mimi nitaendelea kumulalisha?"

Mwanaume alifungua mdomo, nikainua kidole, akaufunga. Swali halikuwa lake. Mdogo wangu alitoka kwenye kiti chake, gauni lake la posa na yote, akachuchumaa mbele ya mtoto.

"Ni wewe, ukitaka," alisema. "Siku ukichoka, mimi. Atanililia, lakini nitamlaza."

Msichana alifikiri. Uso wake ulikuwa mkali, uso wa mtu anayekabidhi funguo za duka.

"Na kama sikusema nimechoka?"

"Nitakutazama," mdogo wangu alisema. "Najua anayechoka anafananaje. Nimelelewa naye."

Mtoto hakutabasamu, na hakumkumbatia. Alitikisa kichwa mara moja, akabaki pale alipo, hakukimbilia chumbani. Hilo lilinitosha. Nilimgeukia mzee nikamwambia jibu letu ni ndiyo, na kwamba mengine yote wanaume wao watayapanga kwa simu na kaka za mdogo wangu kule nyumbani, mimi sina haja nayo. Mke wa mzee akapiga kigelegele kimoja kifupi, akaziba mdomo akikumbuka aliyelala.

Pilau lilikuwa tayari. Msichana alikwishaanza kuelekea jikoni kuchukua sahani, bila kutumwa, lakini mdogo wangu alimshika begani akamkalisha kwenye kiti kilicho karibu na mzee. Alikaa ukingoni, kama anayesubiri basi. Mdogo wangu alipakua sahani ya kwanza, nyama juu, kachumbari pembeni, akaibeba kutoka jikoni. Mzee alinyoosha mikono kupokea, kwa heshima. Sahani ikampita. Aliifuata kwa macho mpaka ikatua mapajani mwa mtoto.

 Mimi mwenyewe nilisikia aibu ya malezi yangu ikinipanda shingoni, maana hivyo sivyo nilivyomfundisha.

"Naona kwenu wakubwa wanakula nyuma," mzee alisema.

"Leo tu, mzee," nilimwambia.

Msichana alishika kijiko. Alitazama mlango wa chumbani, akatazama sahani, na tukamsubiri, wote, mpaka alipokula.